Shule Ni Yetu, Hati Iko kwa Nani?

   

Leo tuongee habari ya shule. Mitihani na karo tumeviongea sana, na tutaviongea tena. Leo nataka tuitazame ardhi yenyewe ambayo shule imeikalia, na tuwatazame wale wanaosema shule hii ni yetu. Ile shule ya msingi iliyo karibu na kwako, ile unayoipita asubuhi ukiwasikia watoto wakiimba wimbo wa taifa, ardhi yake imeandikwa kwa jina la nani?

Kuna mtakaosema ni ya serikali, kwa kuwa walimu wanalipwa na serikali. Kuna mtakaosema ni ya kanisa, mbona hata jina lake ni la mtakatifu? Na kuna mtakaosema ni ya wanakijiji, kwa sababu baba zenu ndio waliochanga kwenye harambee, mama zenu ndio waliobeba mawe na maji. Kila jibu hapo lina ukweli wake. Na kila jibu hapo limewahi kupelekwa mahakamani hapa Kenya na mtu anayeliamini kwa moyo wote, kumkabili mwingine anayeamini jibu lake kwa moyo wote. Wanaopoteza masomo wakati huo wote ni watoto.

Tuanze na kisa mnachokikumbuka. Jumatatu tarehe 19 Januari 2015, watoto wa Shule ya Msingi ya Lang'ata Road, hapa Nairobi, walirudi shuleni wakakuta uwanja wao wa kuchezea umezungushiwa ukuta. Wakatoka na wanaharakati kwenda kuusukuma ule ukuta. Polisi wakawarushia gesi ya kutoa machozi. Picha za watoto wa sare wakikohoa na kulia zilienea dunia nzima. Waziri wa Usalama wa Ndani wakati ule, marehemu Joseph Nkaissery, aliomba radhi hadharani, na Tume ya Taifa ya Ardhi ikasema uwanja ni wa shule.

Nakumbusha kisa hiki kwa sababu moja. Shule ile ilikuwa katikati ya mji mkuu, kila mtu akiijua, na bado mtu aliweza kuleta mafundi, saruji na mawe akajenga ukuta. Kama liliwezekana Lang'ata, je, shule iliyo kilomita arobaini kutoka barabara ya lami? Wala si jambo la jana. Ripoti ya Tume ya Ndung'u ya mwaka 2004, iliyochunguza ugawaji haramu wa ardhi ya umma, ilionyesha kwamba ardhi iliyotengewa shule, hospitali, barabara na misitu ilikuwa imegawiwa watu binafsi kwa miaka mingi, na barua rasmi zikaandikwa.

Sasa nisikilizeni vizuri hapa, maana wengi wetu huchanganya. Migogoro ya ardhi ya shule haifanani. Kuna ardhi ambayo ilikuwa ya umma tangu mwanzo, ikanyakuliwa. Na kuna ardhi ambayo ilikuwa ya mtu au ya ukoo, ikatolewa kwa shule kwa mdomo, bila karatasi. Ile ya kwanza sheria imeishika mkono kwelikweli. Hii ya pili ndiyo inayoninyima usingizi.

Ile ya kwanza niipitie haraka. Katiba yetu ya 2010, Ibara ya 40, inasema kwamba ulinzi wa mali hauhusu mali iliyobainika kupatikana kinyume cha sheria. Mwezi wa Aprili 2023 Mahakama ya Juu iliamua kesi iliyotoka Mombasa, kati ya kampuni ya Dina Management na Serikali ya Kaunti ya Mombasa, kuhusu kipande cha ardhi Nyali kilichokuwa kinaziba njia ya wananchi kwenda ufuoni. Kampuni ilisema: sisi tulinunua kwa nia njema, tuna hati. Mahakama ikajibu kwamba haitoshi kuinua hati juu. Ni lazima uonyeshe ilivyopatikana, tangu ule mgao wa kwanza kabisa. Kama mwanzo ulikuwa mbaya, aliyenunua baadaye naye hapati ulinzi. Miezi michache baadaye, Septemba mwaka huohuo, mahakama hiyohiyo ikasema katika kesi ya Torino Enterprises kwamba barua ya mgao peke yake haimpi mtu umiliki anaoweza kumuuzia mwenzake.

Kesi hizo mbili hazikuhusu shule, lakini mwalimu mkuu yeyote anayesumbuliwa na bwanyenye mwenye barua ya mgao anapaswa kuzijua. Kama uwanja wa shule yako uko kwenye ramani ya serikali kama ardhi ya umma, usitishwe na karatasi ya mtu. Mwulize: uliipata wapi, na aliyekupa aliipata wapi?

Nimeipita hiyo. Tuje kwenye ile ya pili, na hapa tuketi.

Chukua mfano. Mzee mmoja, tuseme miaka ya sabini, ana ekari tisa. Ardhi imeshapimwa, hati imeshatoka, na iko kwa jina lake. Watoto wa kijiji wanavuka mto kwenda shule, na msimu wa mvua mto unajaa. Baraza linaitwa chini ya mti. Chifu yupo, wazee wapo. Mzee anasimama, anasema: nawapa ekari mbili, pale juu penye mteremko, jengeni shule. Watu wanapiga makofi, akina mama wanapiga vigelegele. Wiki ileile vijana wanafyeka. Mwaka unaofuata kuna madarasa mawili ya udongo. Baadaye yanakuwa ya mawe. Serikali inaleta walimu. Shule inapata namba ya usajili, inapata kituo cha mitihani, inatoa madaktari na wahandisi.

Na ile hati? Ile hati imebaki ndani ya sanduku la mzee, imefungwa kwenye karatasi ya plastiki. Inasema ekari tisa, mwenyewe ni yeye.

Mzee anafariki. Wanawe wanafungua kesi ya mirathi. Wanaulizwa mali ya marehemu ni nini, wanataja kilichoandikwa kwenye hati: ekari tisa. Zinagawanywa. Upande wa shule unamwangukia mjukuu mmoja anayefanya kazi mjini. Hakuwepo kwenye lile baraza, alikuwa bado hajazaliwa. Anamuuzia mtu. Aliyenunua anafanya sachi kwenye ofisi ya ardhi, anakuta jina la muuzaji, anakuta hakuna zuio lolote, analipa pesa yake. Kisha barua ya wakili inamfikia mwalimu mkuu: hameni.

Sasa mnamlaumu nani? Mjukuu hakuiba, alirithi. Mnunuzi hakuvamia, alifanya uchunguzi wake kama anavyotakiwa. Shule haikuvamia pia, ilikaribishwa. Na mzee alifanya jambo jema kuliko sisi sote tulioketi hapa.

Shule inakimbilia wakili. Jambo la kwanza watu husema ni hili: tumekaa hapa miaka hamsini, si sheria inasema miaka kumi na miwili? Ni kweli, sheria yetu ya ukomo wa mashauri inamruhusu mtu aliyekaa kwenye ardhi ya mwingine kwa miaka 12, waziwazi, bila kukatizwa, aende mahakamani aombe kuandikishwa kuwa mwenyewe. Lakini sikilizeni sharti lake. Ni lazima uwe ulikaa bila ruhusa ya mwenyewe. Aliyekaribishwa hahesabiwi miaka hiyo. Na shule yetu ilikaribishwa, tena kwa vigelegele! Mashahidi wanaosema kwa furaha kwamba mzee aliwapa ardhi, ushahidi wao huohuo ndio unaoweza kulibomoa dai la miaka 12. Nimewaona wazee wakitoka mahakamani hawaelewi imekuwaje. Walisema ukweli, na ukweli wao umeigeukia shule.

Wakili mzuri hataishia hapo. Atasema: mzee alipotoa ardhi ile, tangu siku ile alibaki kuishikilia kama amana, na warithi wake wameipokea ikiwa amana. Sheria ya Usajili wa Ardhi ya 2012, kifungu cha 28, inazitambua amana, zikiwemo za kimila, hata kama hazikuandikwa kwenye rejista. Oktoba 2018 Mahakama ya Juu, katika kesi iliyotoka Meru ya Kiebia na M'Lintari, iliithibitisha njia hiyo kwa amana za kimila. Lakini ilisema pia kwamba kila kesi itaamuliwa kwa ushahidi wake. Kwa hiyo swali linarudi palepale: ushahidi uko wapi? Muhtasari wa lile baraza uliandikwa? Ile kumbukumbu yenye alama za dole gumba iko kwa nani? Wazee waliokuwepo wangapi wamebaki, na wangapi kati yao bado wanakumbuka mpaka ulipita kwenye mti gani?

Na bado kuna kikwazo kingine. Kwa ardhi ya kilimo, sheria inataka ridhaa ya bodi ya udhibiti wa ardhi kabla ya kuigawa au kuihamisha, hata kama ni zawadi. Ridhaa hiyo ilitakiwa kuombwa ndani ya miezi sita. Ni vijiji vingapi mnavyovijua ambako wazee walitoka barazani wakaenda moja kwa moja kwenye bodi? Walienda kufyeka.

Ndugu zangu wa Pwani, nyinyi mna mfano ambao sisi wa bara tungeufuata. Mtu anapoweka wakfu ardhi yake kwa ajili ya msikiti, madrasa au makaburi, anataja wazi imetolewa kwa nini, na anakuwepo msimamizi. Baada ya hapo haiuzwi, hairithiwi. Wakfu nao una kesi zake, najua. Lakini angalau nia ya mtoaji haiachwi hewani.

Kosa hapa ni la nani, basi? Mimi nasema bila kumung'unya: kosa kubwa ni la serikali. Serikali ilizipokea shule hizi. Ilileta walimu, wakaguzi, mitihani, vitabu, na ikajivunia idadi yake. Haikuleta mpima ardhi. Kumpeleka soroveya mara moja, akakata zile ekari mbili, akapanda alama za mipaka, hati ikatoka, lingekuwa jambo dogo mno wakati mzee yu hai na kijiji kizima kimekubaliana. Leo ni kesi ya miaka kumi katika Mahakama ya Mazingira na Ardhi.

Msikilizaji, kama umejiunga nasi sasa hivi, tunazungumza juu ya ardhi ya shule, nani mwenyewe na ushahidi uko wapi. Tumeona uwanja wa umma ulionyakuliwa, tumeona ardhi ya mzee iliyotolewa kwa mdomo. Sasa tuje kwa wafadhili. Na hapa naomba tuongee kwa heshima, maana tunaongea juu ya makanisa na misikiti yetu wenyewe.

Shule nyingi za Kenya zilianzishwa na wamisionari. Na ugomvi wa shule ni ya nani haukuanza leo. Mwaka 1929 Wakikuyu wengi walipotengana na misheni kwa sababu ya suala la tohara ya wasichana, walianzisha shule zao huru, za Karing'a na za KISA, na mwaka 1939 wakafungua chuo cha walimu cha Githunguri. Wakoloni walipotangaza hali ya hatari mwaka 1952, shule hizo zikafungwa. Kwa hiyo babu zetu walijua kwamba anayeshika shule ameshika jambo kubwa.

Baada ya uhuru, Tume ya Ominde ya mwaka 1964 ilitaka elimu iwe mikononi mwa taifa, na Sheria ya Elimu ya 1968 ikahamisha usimamizi wa shule nyingi za misheni kwenda serikali za mitaa. Makanisa yakabaki kuwa wafadhili. Leo tuna Sheria ya Elimu ya Msingi ya 2013. Kifungu chake cha 27 kinaeleza kazi ya mfadhili: awe na wawakilishi kwenye bodi ya usimamizi, ashauri juu ya mambo ya kiroho, alete kasisi kwa gharama yake, asaidie kwa pesa na majengo. Na kuna maneno ambayo ningependa yabandikwe kwenye ofisi ya kila mwalimu mkuu: mfadhili aendeleze imani yake huku akilinda imani ya wengine walioko shuleni.

Kwa nini nasisitiza? Mnaikumbuka kesi ya Kiwanjani, Isiolo. Shule ya sekondari ya kutwa, mfadhili wake ni Kanisa la Methodist, na wanafunzi wake wengi ni Waislamu. Mwaka 2014 likazuka suala la wasichana Waislamu kuvaa hijabu na suruali nyeupe pamoja na sare. Shule ikaingia vurugu. Kanisa likaenda Mahakama Kuu ya Meru, na Machi 2015 likashinda. Mzazi mmoja akakata rufaa, na Septemba 2016 Mahakama ya Rufaa ikampa yeye ushindi. Kanisa likapanda Mahakama ya Juu. Januari 2019 mahakama hiyo ikatengua uamuzi wa Mahakama ya Rufaa, kwa sababu dai la mzazi halikuwa limewasilishwa kwa utaratibu unaofaa tangu mwanzo. Jaji mmoja, Jackton Ojwang, hakukubaliana na wenzake.

Tafakarini muda uliopita. Msichana aliyekuwa kidato cha kwanza kesi ilipoanza alikuwa ameshamaliza kidato cha nne kabla ya neno la mwisho kutolewa. Na neno lenyewe la mwisho lilihusu utaratibu wa kuwasilisha dai. Suala lililomtoa machozi yule msichana mlangoni mwa shule lilibaki likisubiri mtu mwingine alianzishe upya.

Shule ni ya umma. Mfadhili ana kiti, ana sauti, ana historia, na ana haki ya kuheshimiwa. Mlango wa shule hana. Nalisema hili pia kwa wale waumini ambao, mwalimu mkuu wa dhehebu lingine anapoletwa, wanafunga geti kwa mnyororo na kuimba nyimbo za dini nje. Kumpangia mwalimu wa shule ya umma kituo ni kazi ya Tume ya Kuajiri Walimu, TSC, na tume hiyo imepewa kazi yake na Katiba. Kama una malalamiko, bodi ya elimu ya kaunti ipo. Mtoto aliyefungiwa nje hakumchagua mwalimu huyo.

Lakini sasa nigeukie upande wa pili, maana haki ni lazima iende kote. Kanisa nalo lina hofu yake, na si hofu ya bure. Maeneo mengi misheni ilipewa ardhi enzi za ukoloni kwa hati moja tu. Kwenye hati hiyo moja kuna kanisa, kuna nyumba ya mapadri, kuna zahanati, kuna makaburi, na kuna shule. Mwaka 1968 usimamizi ulihama, hati haikuhama wala haikukatwa. Kwa hiyo leo una shule ya umma, yenye walimu wa umma, iliyo juu ya ardhi ambayo kisheria ni mali ya kanisa. Kamati ya wazazi ikitaka pesa za umma za kujenga maabara, inaulizwa ardhi ni ya nani. Ikisema tupeni hati, kanisa linasikia: wanataka kutunyang'anya. Kila upande unachimba mtaro wake.

Maoni yangu ni haya. Kanisa lisinyang'anywe, maana Katiba inalinda mali yake kama inavyolinda shamba lako na langu. Nalo kanisa lisitumie hati ile kama rungu la kumtishia mwalimu mkuu. Wakae, waite soroveya, wakate sehemu ya shule, iwe na hati yake, na iandikwe wazi kwamba ni ya elimu daima. Palipofanyika hivyo, ugomvi huzimika. Padri anabaki na kanisa lake, kasisi anakuja shuleni kama kawaida, na mwalimu mkuu anajenga maabara.

Kuna kundi la mwisho ambalo nisipolitaja nitakuwa nimewaonea. Ni shule za mitaa yetu ya mabanda: Mathare, Kibera, Mukuru. Ili shule isajiliwe, sheria na kanuni zinataka mambo kadhaa, likiwemo thibitisho la ardhi, ama hati au mkataba wa kukodi, pamoja na ripoti ya afisa wa afya ya umma. Sasa hati utaitoa wapi mahali ambapo mtaa mzima hauna hati? Shule ya namna hiyo ikikosa usajili, haiwezi kuwa kituo cha mitihani. Watoto wake husajiliwa chini ya shule nyingine ili wafanye mtihani, jina lao likiwa kule na madawati yao yakiwa huku.

Wizara ya Elimu ilitoa mwongozo maalumu kwa shule hizi, uliolegeza baadhi ya masharti, na ilifanya vyema. Lakini tarehe 23 Septemba 2019 jengo la madarasa la shule moja ya Ng'ando, Dagoretti, liliporomoka asubuhi watoto wakiwa ndani, na wengine hawakutoka wakiwa hai. Baada ya siku ile siwezi kusema masharti yafutwe. Ninalosema ni kwamba masharti hayana uzito mmoja. Ukuta imara, mlango wa kutokea, choo, maji safi: hapo hakuna kujadiliana, awe tajiri awe maskini. Ukubwa wa uwanja na aina ya karatasi ya ardhi ni jambo ambalo serikali inaweza kulipatia njia, hasa pale ambapo yenyewe haijajenga shule hata moja ya umma watoto wanakoweza kufika kwa miguu. Huwezi kumfungia mama wa Mathare shule kwa kukosa hati, halafu usimwonyeshe mwanawe aende wapi Jumatatu.

Najua muda unatubana, kwa hiyo nimalizie na ya kufanya. Nayasema polepole ili mwenye kalamu aandike.

Mkutano wa wazazi ukiitishwa, inua mkono, uliza namba ya ardhi ya shule. Namba tu. Kama mwalimu mkuu hana, mwenyekiti wa bodi hana, basi mmeshajua tatizo lilipo. Mkiipata, nendeni ofisi ya ardhi mkafanye sachi, au kwenye mfumo wa Ardhisasa kwa maeneo yaliyoingizwa huko. Mtajua mambo matatu: jina la mwenyewe, ukubwa, na kama kuna deni la benki au zuio juu yake.

Mkikuta jina ni la marehemu mzee fulani, msingoje. Sheria ya Usajili wa Ardhi inamruhusu mwenye maslahi kwenye ardhi kuweka zuio kwa msajili, ili isiuzwe wala kuhamishwa kimyakimya. Bodi ya shule ina maslahi. Wekeni zuio kabla mnunuzi hajaja. Kisha watafuteni wale waliokuwepo siku ya baraza, mama wa miaka themanini, mzee aliyekuwa fundi wa darasa la kwanza, muwapeleke kwa kamishna wa viapo waandike hati za kiapo, kila mmoja aseme alichokiona kwa macho yake. Fanyeni mwezi huu, kwa kuwa kila mwaka tunawazika hao.

Halafu nendeni kwa familia. Nendeni na heshima, nendeni na kitu mkononi, kabla ya kwenda na wakili. Katiba yenyewe, Ibara ya 159, inazitaka mahakama zihimize upatanisho na njia za jadi za kutatua migogoro. Kaeni na yule mjukuu, mwonyesheni madarasa, mwambieni alichokifanya babu yake. Wengi hawajawahi kuambiwa. Kama familia imebanwa na ardhi kweli, jadilianeni juu ya fidia. Na kama jina la mzee halijaandikwa popote pale shuleni, basi hapo bodi ina aibu ya kuiondoa kabla haijaomba saini.

Mkipata ridhaa, isiishie kwenye kupeana mikono. Iende kwenye bodi ya ardhi, iende kwa soroveya, iende kwa msajili. Ofisi ya Tume ya Taifa ya Ardhi katika kaunti yenu ipo kwa kazi hii, kabisheni hodi. Kwa shule ya umma hati mara nyingi huandikwa kwa jina la Waziri wa Hazina ya Taifa kama mdhamini wa shule. Msishtuke mkiona hivyo, ndivyo inavyofanyika. Shule ibaki na nakala iliyothibitishwa, na bodi ijue imewekwa wapi, si mwalimu mkuu peke yake. Walimu wakuu huhamishwa.

Wazee mnaonisikiliza, wewe uliyetoa ardhi ya shule, na unajua hati bado iko sandukuni kwako, nakuomba kama mwanao. Waite watoto wako jioni hii, uwaambie mpaka unapita wapi. Kesho umwite chifu aandike.

Juma lijalo, saa hizihizi, tutaendelea na mirathi: familia ifanye nini pale ambapo sehemu ya shamba la marehemu ilishatolewa kwa kanisa, kwa msikiti au kwa shule. Nitakuwa na wakili hapa studioni. Andaeni maswali yenu, na kama mna namba ya ardhi, njooni nayo.